Carl Mayer: Mwandishi wa Picha Zisizosema

Mwaka 1958, mjini Brussels, wanahistoria wa sinema kutoka nchi mbalimbali walipiga kura kuchagua filamu kumi na mbili bora za wakati wote. Ndani ya orodha ile ziliingia filamu mbili za Kijerumani, zote bubu: Das Cabinet des Dr. Caligari ya mwaka 1920 na Der letzte Mann ya mwaka 1924. Mwongozaji wa ile ya kwanza ni Robert Wiene. Wa ile ya pili ni F. W. Murnau. Steringi ni tofauti, wapiga picha ni tofauti, hata sura ya picha zenyewe haifanani. Lakini kalamu ni moja. Katika Caligari ilishikwa na watu wawili, katika Der letzte Mann na mtu mmoja peke yake. Mwenye kalamu hiyo, Carl Mayer, wakati kura zinapigwa alikuwa keshalala kaburini London miaka kumi na minne, na jina lake halikufika hata nusu ya majina ya waigizaji wake.

Ndugu msomaji, kama hujamsikia usijilaumu. Sisi tuliokulia kwenye vibanda vya video tulizoea kuuliza mambo mawili tu kabla ya kutoa kiingilio: steringi nani, na adui nani? Nani kaandika? Swali hilo sijapata kulisikia mlangoni hata siku moja. Mimi mwenyewe niliwahi kukiandikia kikundi kimoja cha maigizo mchezo wa redio. Nikausikia unarushwa hewani, na mwisho yakasomwa majina yote, mpaka la kijana aliyetikisa bati kutoa mlio wa radi. Langu halikuwemo. Sikulia, ila tangu siku hiyo nimekuwa nikisoma habari za waandishi waliofichwa nyuma ya pazia, na huyu Mayer ndiye aliyenikaa moyoni kuliko wote.

Kwanza tuondoe utata. Mtu atauliza: kama filamu ni bubu, mwandishi anaandika nini? Enzi zile, kabla sauti haijaingia kwenye sinema mwishoni mwa miaka ya 1920, kati ya picha na picha waliweka kadi yenye maandishi. Mtu anafungua mdomo, picha inakatwa, unasoma alichosema, kisha picha inarudi. Waandishi wengi walikuwa mafundi wa kujaza kadi hizo. Mayer akaanza kuzipunguza. Akapunguza, akapunguza, hadi akaandika filamu ya saa nzima na ushee yenye kadi moja tu. Na hapo ndipo penye kiini cha makala yangu: mtu huyu alifika kileleni kwa kufuta maneno yake mwenyewe, na mwandishi anayefuta maneno yake ni rahisi sana kufutwa na yeye.

Tuanze mwanzo. Mayer alizaliwa tarehe 20 Novemba 1894 katika mji wa Graz, Austria. Kwa kuzaliwa ni Mwaustria, lakini kazi yake yote kubwa aliifanyia katika sinema ya Ujerumani. Habari za utotoni mwake tunazipata hasa kwa Siegfried Kracauer, Mjerumani aliyekimbilia Marekani na kuchapisha kitabu kuhusu sinema ya Kijerumani mwaka 1947. Kracauer anasimulia kwamba baba yake Mayer alikuwa mfanyabiashara aliyejiaminisha kuwa kagundua hesabu ya kushinda kamari. Akauza mali, akaenda Monte Carlo, akarudi baada ya miezi michache hana kitu. Akawafukuza watoto nyumbani, kisha akajiua. Carl alikuwa na miaka kumi na sita na wadogo zake watatu wa kuwatazama. Akauza vipimahewa mitaani, akaimba kwenye kwaya, akapewa vijisehemu kwenye maigizo ya vijijini. Hivyo ndivyo alivyoingia kwenye tamthilia: kwa njaa.

Vita Kuu ya Kwanza ikamkuta kijana. Kracauer anasema alipimwa akili mara kadhaa na daktari wa jeshi, na kwamba chuki yake kwa madaktari wenye madaraka juu ya vichwa vya watu ilianzia hapo. Iweke akilini habari hii, tutairudia.

Vita ilipokwisha Mayer alikuwa Berlin, na huko akakutana na Hans Janowitz, kijana kutoka Bohemia aliyetoka jeshini akiwa ameapa kutoipenda tena serikali yoyote inayotuma vijana kufa. Wote wawili hawakuwa na pesa. Waliandika pamoja hadithi ya daktari wa ajabu anayeitwa Caligari. Daktari huyu anazunguka kwenye maonyesho akiwa na mtu aliyelala ndani ya sanduku, Cesare, ambaye huamka kwa amri yake na kutabiri mambo. Usiku Cesare hutumwa kuua. Kijana mmoja, Francis, anafuatilia nyayo na kugundua kuwa huyo Caligari ni mkuu wa hospitali ya wagonjwa wa akili. Mwenye kutibu wendawazimu ndiye mwuaji.

Wakampelekea skripti Erich Pommer wa kampuni ya Decla. Mkataba wa mwaka 1919 uliwapa marki 3,500, na ahadi ya nyongeza filamu ikianza kutengenezwa. Ndani ya mkataba huohuo kulikuwa na kifungu kinachompa Pommer haki ya kubadilisha chochote kama atakavyoona inafaa. Wewe unayeandika, soma tena sentensi hiyo. Vijana wawili wana njaa, mbele yao pana hela, na kifungu kimekaa pale kimya kikisubiri.

Filamu ilioneshwa mara ya kwanza Berlin tarehe 26 Februari 1920. Mandhari yake yalichorwa na Hermann Warm, Walter Reimann na Walter Röhrig: nyumba zimepinda, madirisha yameenda upande, hata vivuli vimepakwa rangi ukutani na sakafuni. Watu walishangaa. Lakini mwanzo na mwisho wa hadithi vilikuwa vya namna nyingine. Filamu inaanza na Francis amekaa kwenye benchi akisimulia, na inaisha tunapogundua kuwa Francis mwenyewe ni mgonjwa ndani ya ile hospitali. Caligari kumbe ni daktari mpole, naye anasema sasa amejua jinsi ya kumtibu. Kila kitu tulichokiona ni ndoto za mwendawazimu.

Unaona kilichotokea? Hadithi iliyosema kwamba wenye madaraka wamerukwa na akili ikageuzwa kusema kwamba anayewatuhumu wenye madaraka ndiye aliyerukwa na akili. Janowitz aliandika baadaye, akiwa uhamishoni Marekani, kwamba yeye na Mayer walipinga mabadiliko hayo kwa nguvu zote lakini hawakusikilizwa. Kracauer akaichukua habari hiyo kwenye kitabu chake na kujengea juu yake hoja nzima: kwamba Wajerumani walikuwa wakijizoeza kumtii dhalimu hata kwenye sinema, miaka mingi kabla ya Hitler. Kwa miongo kadhaa kila mwanafunzi wa sinema alifundishwa hivyo.

Sasa sikiliza. Mwigizaji aliyecheza Caligari, Werner Krauss, alikuwa na nakala yake ya skripti na hakutaka kuitoa maisha yake yote. Alikufa mwaka 1959. Katika miaka ya 1970 nakala ile ilinunuliwa na hifadhi ya filamu ya Berlin, Deutsche Kinemathek, na mwaka 1995 ikachapishwa yote. Watu wakaifungua. Kumbe Mayer na Janowitz nao walikuwa wameweka utangulizi: Francis, miaka mingi baadaye, amemwoa mpenzi wake Jane, yuko barazani kwenye nyumba nzuri akiwasimulia wageni mkasa uliompata. Hana wazimu. Kwa hiyo Janowitz alikuwa na haki kwenye jambo kubwa, kwamba maana ya mwisho iligeuzwa. Lakini ile picha ya hadithi iliyokuwa safi kabisa, isiyo na msimuliaji, ikavamiwa na kampuni, haikuwa sahihi. Wazo la kuwa na mtu anayesimulia lilitoka kwa waandishi wenyewe.

Napenda sana kisa hiki, na sababu yake ni moja. Krauss huyo baadaye alicheza nafasi kadhaa katika Jud Süß ya mwaka 1940, filamu ya chuki dhidi ya Wayahudi iliyotengenezwa chini ya Wanazi. Mayer alikuwa Myahudi. Karatasi iliyokuja kueleza ukweli wa kazi yake ilitunzwa na mikono ya mtu aliyewatumikia waliomfukuza nchini. Historia haina aibu, bwana. Inaweka ushahidi popote inapopata kabati.

Baada ya Caligari mtu angetegemea Mayer aendelee na mambo ya majini na vivuli, kwa kuwa ndiyo yaliyokuwa yakiuza. Aliandika nyingine ya namna hiyo, Genuine, iliyoongozwa na Wiene huyohuyo mwaka 1920. Kisha akageuka. Akaingia jikoni, kwenye ngazi za nyuma za nyumba za kupanga, kwenye kibanda cha mlinzi wa reli. Hintertreppe ya mwaka 1921 ni watu watatu tu: mfanyakazi wa ndani, mchumba wake aliye safarini, na mleta barua mlemavu anayempenda yule binti na kuzificha barua za mwenzake. Hakuna majina. Katika skripti za Mayer za kipindi hiki watu wanaitwa kwa walivyo: Binti, Mama, Bawabu, Mume.

Mwaka huohuo ikatoka Scherben, iliyoongozwa na Lupu Pick. Mlinzi wa reli anaishi na mkewe na binti yake porini kwenye theluji. Anakuja mkaguzi kutoka mjini, analala nyumbani kwao, anamharibu binti. Mama anagundua, anatoka usiku kwenda kusali kwenye msalaba ulio nje, anaganda kwa baridi na kufa. Baba anamnyonga mkaguzi. Kisha anachukua taa nyekundu, anasimamisha gari moshi usiku, na hapo ndipo inatokea kadi ya pekee katika filamu nzima, ambamo mzee anakiri kuwa yeye ni mwuaji. Saa nzima mtu hajasema neno, na neno la kwanza ni hilo. Ungeweka kadi nyingine ishirini kabla yake, ile ingekuwa na uzito gani?

Hapa ndipo sisi wenye kuandika tunapopaswa kukaa chini na kujifunza. Skripti za Mayer zimehifadhiwa, na Sylvester, iliyooneshwa mwaka 1924, ilichapishwa mwaka huohuo kama kitabu. Ukizitazama unaona mistari mifupi, mingine ya neno moja. Alama za mshangao zimetapakaa. Maneno kama "sasa" na "na" yanasimama peke yake, kama mtu anayevuta pumzi. Ukisoma unajua macho yaende wapi, yakae muda gani, lini yaondoke. Mwandishi wa kawaida angeandika: mama aliingia akiwa na majonzi makubwa kwa kumkumbuka mwanawe. Majonzi hayo nani atayapiga picha? Kumbukumbu utaiwekea taa gani? Mayer angetafuta kitu, kiti kisichokaliwa, sahani iliyozidi mezani, na kukuacha wewe uone. Karl Freund, mpiga picha wake mkubwa, alisema kwamba skripti ya Mayer ilikuwa tayari ni filamu. Mpiga picha kusema hivyo kuhusu mwandishi si jambo dogo.

Basi tufike Der letzte Mann, yaani Mtu wa Mwisho. Kwanza kazi hii ilikuwa iongozwe na Lupu Pick, wakakorofishana na Mayer, ikaenda kwa Murnau. Hadithi yake unaweza kuimaliza ukingojea daladala. Mzee mmoja ni bawabu wa hoteli kubwa. Ana koti la sare lenye vifungo vinavyong'aa, na mtaani kwake, kwenye nyumba za watu wa hali ya chini, koti hilo linampa heshima ya jenerali. Siku moja mvua inanyesha, anabeba sanduku zito, anachoka, anakaa kidogo kupumzika. Meneja anaona. Kesho yake mzee anakuta mwingine amesimama mlangoni, naye anapewa koti jeupe na kupelekwa chini kuhudumia chooni: kushika taulo, kufuta viatu vya wageni.

Hajafukuzwa kazi. Amevuliwa koti tu. Na koti ndilo lilikuwa mtu. Analiiba ili alivae kwenye harusi nyumbani. Asubuhi analiweka stesheni kwenye chumba cha mizigo, jioni analichukua avae kurudia mtaani, mpaka jirani mmoja anamkuta chooni na siri inamwagika. Wapangaji waliokuwa wakimpigia saluti sasa wanamcheka madirishani. Kila aliyewahi kuona mzee wa mtaa amestaafishwa, akaendelea kuvaa kofia ya kazi kila asubuhi, ataielewa filamu hii bila kujua neno moja la Kijerumani. Ndiyo faida ya kufuta kadi.

Kwa kuwa maneno hayapo, kamera ilibidi iseme. Filamu inaanza kamera ikishuka ndani ya lifti ya hoteli na kuvuka ukumbi hadi mlangoni. Freund aliifunga kwenye baiskeli. Mzee anapolewa, kamera inalewa naye. Wengi husifu ufundi huo wakamtaja Murnau na Freund, na wanastahili. Lakini haja ya kamera kutembea ilitoka wapi? Mayer alikuwa ameiandikia miondoko tangu Sylvester, kabla ya kufanya Der letzte Mann na Murnau. Ukifuta maneno huwezi kuiacha kamera imekaa kama mgeni barazani. Lazima inyanyuke ikatafute maana.

Na ile kadi moja? Mzee anaachwa chooni usiku, ameinama kitini, mlinzi wa zamu anamfunika koti lake. Hadithi imeisha. Hapo ndipo maandishi yanapotokea, yakisema kwa ufupi kwamba katika maisha ya kweli mzee asingekuwa na la kungojea zaidi ya kifo, lakini mwandishi amemwonea huruma na kumpa mwisho usioaminika. Kisha tunaona tajiri mmoja amefia mikononi mwa mzee huyo kule chooni, na wosia wake unampa mali yote yeyote aliye naye dakika ya mwisho. Mzee anakula vyakula vya kila aina, anagawa sigara, anaondoka kwa gari la farasi.

Wapo wanaosema mwisho huo ulidaiwa na kampuni ya Ufa ili watu wasitoke wakilia, wapo wanaomtaja steringi Emil Jannings. Mimi naangalia kilichopo kwenye kitambaa. Mara ya kwanza, kwenye Caligari, mwisho ulibadilishwa na mtazamaji hakuambiwa. Mara ya pili Mayer alikubali mwisho wa furaha, ila akaubandika kibao: ndugu mtazamaji, huu nimeuongeza, na wewe na mimi tunajua. Katika filamu nzima isiyo na maneno, mara moja tu ndipo mwandishi anapojitaja, na anajitaja ili kutuonya. Hiyo kwangu ni busara ya mtu aliyewahi kunyang'anywa kazi yake akajifunza. Hukuweza kuzuia mwisho? Basi acha alama mahali unapoanzia.

Murnau alipochukuliwa na William Fox kwenda Hollywood mwaka 1926, alibeba skripti ya Mayer. Mayer hakwenda. Alibaki Ulaya na kuandika kwa Kijerumani filamu ya Kimarekani: Sunrise, yaani Macheo, ya mwaka 1927, kutokana na hadithi ya Hermann Sudermann. Mkulima anashawishiwa na mwanamke wa mjini amzamishe mkewe ziwani. Tena hakuna majina: Mume, Mke, Mwanamke wa Mjini. Katika tuzo za kwanza za Akademi ya Marekani, mwezi Mei 1929, Sunrise ilipewa tuzo ya ubora wa kisanaa, tuzo ya upigaji picha ikaenda kwa Charles Rosher na Karl Struss, na Janet Gaynor akatambuliwa kwa filamu hiyo pamoja na nyingine mbili. Tuzo za uandishi zilikwenda kwa filamu nyingine. Mwaka 2012 jarida la Uingereza la Sight and Sound lilipowauliza wahakiki duniani, Sunrise ikashika nafasi ya tano. Skripti ya Kijerumani ipo, pembeni ina maandishi ya mkono wa Murnau. Ukitaka kujua nani alifanya nini, hapo ndipo pa kuanzia.

Wakati huohuo Mayer alikuwa amechoka na hadithi za studio. Alitaka filamu ya mji wenyewe, mji mzima ndani ya siku moja. Wazo hilo likawa Berlin: Die Sinfonie der Großstadt ya mwaka 1927, iliyoongozwa na Walter Ruttmann. Mayer alijitoa kabla haijakamilika, akiona kwamba Ruttmann anapenda mwendo wa magurudumu kuliko watu wanaosukumwa nayo. Jina lake lilibaki kama mwenye wazo. Mara nyingine tena kazi imetoka, sifa zimepatikana, na mwandishi yuko pembeni.

Kisha mambo mawili yakaja karibu kwa pamoja. Sauti iliingia, na mtu aliyekuwa bingwa wa kimya akajikuta kwenye dunia ya watu wanaoongea mfululizo. Alijaribu, aliandika na mwongozaji Paul Czinner filamu za sauti, Ariane mwaka 1931 na Der träumende Mund mwaka 1932. Murnau akafa kwa ajali ya gari California mwezi Machi 1931. Halafu Hitler akashika madaraka mwezi Januari 1933, na tarehe 29 Machi mwaka huo Ufa ikaamua kuwaachisha kazi Wayahudi wake, Pommer akiwa miongoni mwao. Mayer akaishia London.

Huko alipata kazi za ushauri. Alisaidia kwenye Pygmalion ya mwaka 1938. Alikaa karibu na Paul Rotha, mtengenezaji wa filamu za taarifa, na kumsaidia kwenye World of Plenty ya mwaka 1943, filamu inayohusu chakula na njaa duniani. Fikiria kidogo: mtu aliyeingia sanaa kwa njaa, anamaliza akishauri filamu ya njaa. Alikuwa mtu mzito wa kumaliza, akiandika na kufuta, akiandika na kufuta, na prodyuza gani anamlipa mtu kwa kufuta? Kansa ikamchukua tarehe 1 Julai 1944. Alikuwa na miaka arobaini na tisa. Inasimuliwa kwamba aliacha pauni 23 na vitabu viwili. Rafiki zake walimzika makaburi ya Highgate, na mwaka 1947 Rotha na wenzake wakafanya onyesho la kumkumbuka. Siku hizi mji wa Graz, alikozaliwa, hutoa tuzo ya uandishi wa skripti yenye jina lake.

Kuna watakaosema natia chumvi. Filamu ni kazi ya wengi, watasema. Bila Murnau huyo Mayer wako ni karatasi tu. Hoja hiyo ni ya haki, nami siikwepi. Murnau bila Mayer alitengeneza Nosferatu mwaka 1922, na haina haja ya kuombewa na mtu. Lakini zipange kazi za Mayer kwenye mstari: Jessner na Leni, Pick, kisha Murnau. Waongozaji wanabadilika. Vinavyobaki ni watu wasio na majina, chumba kidogo, kitu kimoja kinachobeba maisha yote, kadi zinazozidi kupungua, kamera inayozidi kutembea. Jambo linapojirudia chini ya mikono tofauti, mwenye nalo si mkono. Ni kalamu.

Sasa sisi. Wengi wetu tunaoandika kwenye kurasa hizi tunaandikia pia maigizo ya redio, filamu za mitaani, nyimbo za watu wengine. Malipo hucheleweshwa, na mkataba ukiwepo huwa na kifungu kimekaa pale kimya. Siwezi kukuambia ukatae hela ukiwa na njaa; Mayer na Janowitz hawakukataa. Ila soma kifungu kabla ya kutia sahihi. Na kabla hujakabidhi skripti, toa nakala moja, iandike jina lako na tarehe, iweke kwa mama au kwa shangazi, mahali pasipovuja mvua. Mayer ilimchukua miaka sabini na mitano kutetewa na nakala moja, tena iliyokuwa kabatini kwa mtu mwingine. Yako ikae kwako.